Nilivyoishukuria Nyumba Kabla ya Kujua Bei Yake

Jamani, kuna aibu mtu anaweza kuificha na kuna nyingine hazifichiki kwa sababu kanisa zima lilikuwepo, na hii yangu ni ya aina hiyo ya pili, kwa hiyo naona bora niisimulie mwenyewe kabla hamjaisikia kutoka kwa watu wa kwetu Mvumi, ambao kila wakiisimulia wanaitia chumvi (juzi nimesikia eti nililia, sikulia, ni vumbi tu liliniingia machoni).

Mimi ni mtumishi wa serikali hapa Dodoma mjini, na kwa miaka mingi tulikuwa tumepanga Majengo, mimi na mke wangu Mama Tumaini na watoto wetu, na barazani pale pale ndipo Mama Tumaini alipoweka cherehani yake akawa anashona sare za shule. Sasa kule Ihumwa zikajengwa nyumba za kuuza, vyumba vitatu, bati jekundu, geti la chuma, na benki moja ikawa inawakopesha wafanyakazi wazinunue. Nikaenda kuuliza. Nyumba ilikuwa milioni sabini: kumi tutoe wenyewe, sitini watukopeshe. Hiyo kumi ilikuwa akiba ya Mama Tumaini, jasho la cherehani, kila senti. Dada wa benki, mpole kweli, akanieleza mambo mengi na akanipa karatasi nikasome nyumbani, lakini mimi nilichokamata ni kimoja tu, kwamba mshahara utakatwa laki saba kila mwezi, nikajisemea laki saba naiweza, nikibana hapa na pale. Hayo mengine nilikuwa naitikia kwa kichwa huku nawaza kochi nitaliweka upande gani.

Tulikuwa tusaini Jumatatu. Na hapo ndipo nilipofanya uamuzi wangu mdogo, uliokuja kuzaa mengine yote: nikasema Jumapili twende kijijini nikatoe shukrani kanisani.

Mama Tumaini akasimamisha cherehani. "Baba Tumaini, watu hushukuru wakishapata. Tusaini kwanza."

"Imani ni kushukuru mapema," nikamjibu, kama mimi ndiye mchungaji.

Uongo mtupu. Imani haikuwemo. Aliyekuwemo ni binamu yangu Lameki. Mnajua sisi na mabinamu tunavyotaniana, mtu anaweza kukutania hata msibani na huruhusiwi kununa, na Lameki mwaka nenda mwaka rudi alikuwa ananiita Mpangaji. Nikifika kwenye harusi, "Mpangaji amefika, mpisheni kiti, msimdai kodi." Na huyu Lameki ndiye anayeendesha mnada wa kanisa. Kwa hiyo nilitaka nisimame mbele yake, na maiki mkononi, nitangaze nyumba. Hiyo ndiyo ilikuwa imani yangu.

Kwa asiyeujua mnada wetu, baada ya mavuno watu huleta kanisani walichojaliwa, mtama, karanga, mayai, kuku, mbuzi akiwepo, na ibada ikiisha vitu vinanadiwa nje ili fedha iingie kwenye sadaka. Bei yake si bei ya sokoni, kila mtu anajua unamtolea Mungu. Na una utamu wake: mtu akinunua kitu, akitaka kuonekana mkarimu, anasema "narudisha," kitu kinanadiwa upya na anunue mwingine, na kila aliyenunua analipa. Kuku mmoja anaweza kuuzwa hata mara nne na asiende nyumbani kwa mtu.

Basi siku hiyo nikavaa suti (ya harusi yangu, inanibana tumboni, lakini vifungo vilikubali), nikasimama mbele, nikasalimia kwa Kigogo, "Mbukwenyi," wakaitikia, nikasema Mungu ametenda, ametumia benki kunikopesha milioni sitini, amenipa nyumba Ihumwa, vyumba vitatu na geti. Hapo kwenye geti nilimtazama Lameki. Watu wakapiga makofi na vigelegele, nami nikatia kwenye bahasha ya shukrani fedha yote niliyokuwa nayo mfukoni, kwa sababu wakati ule nilijiona tajiri.

Tukatoka nje kwenye mnada. Lameki akamnyanyua kuku mwenye madoadoa aliyeletwa na bibi mmoja jirani ya mama yangu, kuku wa kawaida tu, sokoni usingempa zaidi ya elfu kumi na tano. "Tunaye mwenye nyumba wa Ihumwa hapa," akasema kwenye maiki. "Mwenye nyumba hawezi kuanza na kumi na tano kama mpangaji."

Nikasema thelathini. Hakuna aliyeongeza, kuku akawa wangu. Nikakumbuka ukarimu wangu, nikasema, "Narudisha." Vigelegele. Lameki akamnadi upya, mtu akasema ishirini, halafu wote kimya, na Lameki ananitazama tu, anatabasamu. Nikasema arobaini. Kuku akawa wangu tena. Sasa mwenye akili angeondoka na kuku wake, lakini vile vigelegele vya kwanza vilikuwa bado vinanilevya, nikasikia mdomo wangu unasema "Narudisha" kabla mimi mwenyewe sijaamua. Mara ya tatu nikamnunua kwa hamsini. Mama Tumaini alikuwa amekaa na akina mama kwenye mkeka, na nilipomtafuta kwa macho nikaona ameukumbatia mkoba wake kwa mikono miwili, kama mtu aliye stendi.

Lameki akanikabidhi kuku, akanyoosha mkono apokee fedha ya mara zote tatu. Nikapapasa mifuko ya suti, ya nje, ya ndani, ile midogo ya kifuani. Hamna kitu. Simu nayo ilikuwa haina salio la kutosha hata kununua mayai. Nikamnong'oneza, "Binamu, andika ahadi." Kunong'ona mbele ya maiki ni kazi bure, watu wote walisikia.

"Ndugu zangu," Lameki akasema kwa utulivu kabisa, "huyu amemnunua kuku mmoja mara tatu, na mpaka sasa hivi bado si wake."

Watu walicheka, walicheka mpaka mchungaji akavua miwani ajifute macho. Mimi pia nikacheka, ile ya kujikaza, nimembana kuku kwapani. Ningenyamaza hapo mkasa ungeishia hapo, ningerudi mjini na aibu ya kuku tu, ambayo ni ya kawaida. Lakini Lameki akaongeza: "Basi tukukate kidogo kidogo kama benki. Hao benki wanakukata ngapi?"

Nikaona hapa ndipo pa kurudisha heshima. Nikaichukua maiki mwenyewe. "Laki saba tu kwa mwezi," nikasema. Na ile *tu* niliikazia.

"Mpaka lini?"

"Miaka ishirini," nikajibu, maana hiyo nayo kumbe ilikuwa imenibaki kichwani.

"Kwa hiyo jumla itakuwa ngapi?"

Jamani, mimi katika shule ya pale pale nilikuwa wa kwanza kwenye hesabu, na baadhi ya walionifundisha walikuwa wamekaa mstari wa mbele, nitashindwaje kujibu? Nikasema hesabu ndogo hiyo, nikaanza kwa sauti ya mwalimu: laki saba mara miezi kumi na miwili, milioni nane na laki nne kwa mwaka. Sawa. Mara miaka kumi, milioni themanini na nne. Hapo sauti yangu ilianza kupungua, kwa sababu nilikuwa nimeshaona ninakokwenda, lakini hesabu ukishaianza mbele za watu huwezi kuiacha njiani. "Ukizidisha mara mbili," nikasema, "inakuwa... milioni mia moja sitini na nane."

Hakucheka mtu. Mzee mmoja akamuuliza jirani yake, na sauti yake ikanifikia mpaka pale mbele, "Si alisema amekopa sitini?"

Ndiyo, ni sitini. Karatasi za benki zilikuwa nyumbani mezani wiki nzima na hiyo jumla imeandikwa humo, nami sikuwahi kuitafuta, naisikia mara ya kwanza kwa kinywa changu mwenyewe, kwenye maiki, mbele ya walimu wangu. Nikawaza nitakuwa na miaka hamsini na nane nikimaliza. Nikawaza ni zaidi ya nyumba mbili hizo, na nitakayolala ndani ni moja tu. Kuku naye, ambaye alikuwa ametulia muda wote, akachagua wakati huo kunichafulia suti, kuanzia kifuani mpaka mfukoni.

Mama Tumaini akainuka kwenye mkeka. Alikuja polepole, akamtoa yule kuku kwapani kwangu, akauliza kwa sauti ya chini ambayo maiki iliidaka yote: "Ile kumi yangu imo humo ndani, au ni nje?"

"Ni nje," nikasema.

Sijawahi kuona uso wake vile, wala sitaki kuuona tena. Nilitamani ardhi ipasuke niingie, lakini ardhi ya kwetu wakati wa kiangazi ni ngumu hata kwa jembe.

Na aliyeniokoa ni Lameki, ndiyo, huyo huyo mtesi wangu. Aliichukua maiki mkononi mwangu, akaizima, akatoa laki moja na ishirini mfukoni kwake akalipia kuku mara zote tatu, kisha akaanzisha wimbo. Kanisa zima likadaka, na kwenye kelele hizo akaniegemea sikioni akasema, "Binamu, umeshasaini?"

"Bado. Kesho."

"Basi hujaharibu kitu. Nenda kabadili shati."

Njiani kurudi mjini nilingoja Mama Tumaini agombe, nikawa na majibu tayari. Hakugomba. Tulipokaribia mjini ndipo akasema, taratibu, huku anatazama nje dirishani: "Mteja akija na sare, mimi namtajia bei ya sare nzima, kitambaa, uzi, ufundi. Wewe umekwenda kununua nyumba ukauliza bei ya kifungo." Kisha akaniambia kesho tunakwenda wote wawili. Nilishukuru kwa ile *tunakwenda* kuliko shukrani zote nilizotoa asubuhi.

Jumatatu tukaenda. Dada wa benki akaweka kalamu mezani, na kabla hata hatujakaa vizuri Mama Tumaini akamwuliza jumla yake yote ni ngapi. Yule dada akamjibu bila kuficha (na kwa kweli hakuwa amenificha hata mimi, ni masikio yangu yalikuwa yamehamia kwenye kochi): marejesho ni hiyo mia sitini na nane, na juu yake kuna bima ya kila mwaka, kuna gharama za kuithamini nyumba na za mwanasheria. Tukauliza riba inaweza kupanda? Inaweza, mkataba unaruhusu. Tukipata fedha mapema tunaweza kumaliza deni kabla ya wakati? Mnaweza, ila kuna ada kidogo. Tukikopa kidogo zaidi kwa miaka michache? Akafurahi, akavuta kiti karibu, akasema wengi hawaulizi hilo, kisha akatuonyesha jinsi miaka ya mwanzo makato karibu yote huwa yanakwenda kwenye riba na deni lenyewe halisogei, ndiyo maana muda ukirefuka unaumia. Kalamu tukaiacha pale pale mezani.

Leo tunakaa huko huko Ihumwa, lakini si kwenye bati jekundu. Ni nyumba ya vyumba viwili vya kulala, uzio haujakamilika, geti ni la mabati, na tulisubiri zaidi ya mwaka, tukaongeza akiba, tukakopa milioni thelathini tu kwa miaka minane. Tutarudisha kama arobaini na nane, bima mbali. Sitawadanganya kwamba haiumi. Inauma kila mwisho wa mwezi. Lakini nimeihesabu yote kabla sijashika kalamu, na najua ninachonunua hapo juu ni kuhamia sasa hivi wakati watoto bado wako nyumbani, badala ya kuja kuhamia wakishaoa. Hiyo bei nimeikubali nikiwa macho. Na cherehani ya Mama Tumaini ina chumba chake, cha mbele, chenye dirisha kubwa, alilolichagua yeye.

Huwa namshukuru Mungu kwa siku ile, na ninaposema hivyo simaanishi ile shukrani ya bahasha. Namshukuru kwa mke ambaye angeweza kunidharau akaamua tuongozane, na kwa binamu aliyenivua nguo mbele za watu kisha akawa wa kwanza kunifunika. Kama wangenipigia makofi tu wakaniacha niende zangu, ningesaini kesho yake nikiwa nimetabasamu. Nimejiwekea sharti kwamba mtu akiniambia chochote ni "kiasi fulani tu kwa mwezi," sisogei mpaka anitajie mwisho wake, hata kama ni sufuria.

Ila kule nyumbani jina la Mpangaji limekufa, nimepewa jipya. Nikishuka tu Mvumi nasikia kutoka upande wa dukani, "Karibu, Mia Sitini na Nane." Watoto wadogo nao, "Shikamoo, Mia Sitini na Nane." Naitikia marahaba, tena kwa furaha kabisa, maana heri niitwe hivyo maisha yangu yote kuliko kuilipa.