Bafu la Warumi Liko Mwisho wa Korido

Nimetembea kwenye magofu ya Warumi mara nyingi kuliko watu wenye pasipoti nzito, na Italia kwenyewe sijakanyaga. Naenda Jumanne na Ijumaa, saa mbili asubuhi, nimevaa glavu na eproni ya plastiki, taulo mbili begani.

Wacha nieleze vizuri. Mwalimu wangu wa kidato cha pili alisema naanza hadithi katikati, kama mtu aliyeingia nyumba kwa dirisha. Nilitaka kumuonyesha nimejirekebisha, lakini kidato cha tatu kilipofika sikuwepo shuleni.

Nafanya kazi kwenye nyumba ya kulelea wazee karibu na Cabramatta, hapa Australia. Kabla ya hapo nilikuwa bandarini Port Botany nikipakua makontena, mpaka siku moja mgongo ukaniambia, bwana, tuachane kwa amani. Mke wangu ni nesi, na kwetu sisi ndiye aliyesoma kwa niaba ya wote wawili. Akasema, "Kasomee kuhudumia wazee. Wewe unapenda kuongea, na wao hawawezi kukimbia." Nikasoma. Cheti nimekitundika sebuleni kwetu Doonside, juu ya televisheni, na mgeni akija namkalisha pale ambapo hana budi kukiona.

Mzee wangu anakaa chumba cha mwisho kabisa, ncha ya pili ya korido kutoka bafuni. Ni Mtaliano, miaka themanini na kitu, nywele nyeupe zimesimama kama za mtu aliyeitwa ghafla. Wenzangu wanamwita kwa jina lake la kwanza, utadhani walichunga mbuzi pamoja. Mimi jina hilo lilinikwama. Mtu wa umri wa babu yangu! Nikamwita Mzee. Akauliza hilo ni neno gani, nikamwambia ni cheo.

"Hatimaye," akasema.

Kabla ya kupanda meli kuja Australia, ujana wake aliumaliza akiongoza watalii kwenye magofu ya mji mmoja wa Warumi kando ya bahari. Na si magofu yote. Yeye alishika upande wa starehe: mabafu, ukumbi wa maigizo, uwanja wa kupigana na wanyama. "Makaburi na mahekalu niliwaachia wengine," aliniambia. "Mimi niliwaonyesha watu mahali watu wa zamani walicheka."

Siku hizi akili yake inavuja. Chai anasahau kabla hajaimeza. Miezi ya kwanza hakutaka kuoga wala kutembea. Ukimwambia twende bafuni anashika mikono ya kiti kama abiria aliyekataa kuteremka. Ni hatua thelathini hivi kutoka kwake mpaka bafuni, na nilizichukia zote.

Asubuhi moja ya baridi nimesimama pale na taulo zangu, sina mbinu, nikaona picha ukutani. Kijana mwembamba, mwavuli umeinuliwa juu, nyuma yake mawe. Nikauliza tu, kwa mdomo wangu ule usiopumzika, "Mzee, hapa ni wapi?"

Akaitazama picha. Akanitazama. Halafu akavuta kile kifremu chake cha magurudumu cha kutembelea, akainuka. Peke yake! Akafika mlangoni, akageuka.

"Kundi, mko wote?"

Nikaangalia nyuma yangu. Kulikuwa na kitanda.

"Tuko wote, Mzee."

Hivyo ndivyo nilivyoanza kusafiri.

Kabati la mashuka ni chumba cha kuvulia nguo. Unaliona lile lenye mashimo ya mraba? Kila mtu aliweka nguo zake kwenye shimo lake, na mtumwa akakaa kulinda, na bado ziliibiwa. Ofisi ya manesi ni ukumbi wa maigizo, wakubwa viti vya mbele, makabwela juu kabisa karibu na ndege. Chumba cha kufulia, pale mashine zinaponguruma na joto linatoka chini ya mlango, hapo sasa ni chumba cha moto, sakafu imebebwa na nguzo fupi fupi na moto unapita chini yake, watu juu wanatoka jasho na kusengenya. Anaeleza kwa sauti ya chini, kila neno analiweka mahali pake taratibu, mpaka zulia la korido linaanza kupoa chini ya viatu vyangu. Nakuapia. Nilikuwa nasikia mawe. Jua la asubuhi lilikuwa linaingia kwenye dirisha la mwisho, mvuke unatoka bafuni kwa jirani aliyetangulia, na ndani ya ule mvuke niliona watu wamejifunga mashuka, wanacheka kitu ambacho nimechelewa kukisikia.

Alinionyesha ngazi zilizochongwa vijishimo, walikuwa wanacheza mchezo fulani wakisubiri maigizo yaanze. Nikamwambia, hiyo ni bao, Mzee, sisi tunaijua. Akafurahi kweli. Alinipeleka pia kwenye choo cha umma, watu ishirini wamekaa mstari mmoja bila ukuta, wanapiga siasa. Na uwanjani, ambao kwetu ni chumba cha kulia, alisema simba waliletwa kwa meli kutoka Afrika, wamefungiwa kwenye masanduku, hawajui wanaenda wapi.

"Kama mimi," nikasema, "ila mimi nilijaza fomu."

Alicheka mpaka ikabidi tupumzike.

Nikagundua siri ya kazi. Mwongozaji hawezi kuongoza akiwa amekaa. Na nikiuliza swali anasimama wima kulijibu, na jibu siku zote liko mbele kidogo, kwa hiyo tunasogea. Maswali ya kijinga ndiyo kipaji changu pekee. Shuleni yalinitoa nje ya darasa. Hapa yanamfikisha mtu bafuni.

Bafuni ndipo ziara inapoishia. Mwisho ni dimbwi la maji baridi. Mzee anashika chuma cha ukutani, anainamisha kichwa, anasema maneno yale yale: "Sasa hapa hakuna maji. Miaka mingi sana hakuna maji. Fungeni macho, myafikirie." Miaka yote ile ya ujana wake, kila ziara aliimaliza kwenye shimo kavu. Mimi nafumba macho, nanyoosha mkono, nafungua bomba. Na kila mara anashtuka kama mtoto. Yamerudi!

Nikiri jambo moja. Kumuogesha kulinipa taabu. Kwetu uchi wa mtu mzima huutazami, na mimi nilimuogesha nimegeukia vigae vya ukutani, nasugua kwa kukisia. Siku nyingine nilisugua kiti. Mzee akasema, "Nimeongoza watu wa kila nchi. Wewe ndiye mtalii wa kwanza anayekuja kuangalia ukuta." Akanieleza kwamba kule wote waliingia majini sawa, mzee na kijana, tajiri na mchukuzi, na aibu ilibaki kule kwenye mashimo pamoja na nguo. Nikamwambia nimeelewa. Nikaendelea kuangalia ukuta.

Halafu akaanza kuyumba. Mara moja kwenye uwanja wa simba, mara moja mlangoni kwa manesi. Hakuanguka, lakini iliandikwa, na likitokea la kuandikwa hapa huwa linaitisha mtu. Meneja akaniambia Ijumaa atakuja fizio, yule mtaalamu wa viungo, ampime. Akiweza kuinuka na kutembea mpaka bafuni, sawa. Akishindwa, kuanzia Jumatatu ni mashine: unamzungushia mkanda wa kitambaa, unabonyeza, ananyanyuka kutoka kitandani, unamsukuma.

Mimi mashine za kunyanyua nazijua. Miaka sita Port Botany nimetazama makontena yakining'inia hewani, yanazunguka polepole bila kuulizwa yanataka kutazama wapi. Na nimeona wazee wakianza ile mashine. Miguu ikishajua haihitajiki, inaondoka na hairudi. Mzee asiyetembea haongozi. Na asipoongoza, sijui nani atabaki mle ndani.

Ijumaa, kwenye treni, baada ya kubadilisha stesheni ya Blacktown, nilikuwa nasali huku nasinzia, na nadhani nilichanganya, maana nilimuomba Mungu atie moto chini ya sakafu.

Fizio alikuwa dada mwema, kijana, nywele amefunga nyuma, viatu vya kukimbilia. Akafanya alivyofundishwa. Akasimama mbele ya Mzee hatua mbili, akamgeukia, akafungua mikono, akaanza kurudi kinyumenyume. "Haya, njoo kwangu! Vizuri sana!"

Mzee alikuwa ameshainuka nusu. Akamwangalia. Akakaa.

"Mara nyingine tena. Njoo kwangu!"

Akakaa tena, sasa akafumba na macho. Fizio akaandika kitu kwenye tableti yake. Nilisikia kidole kikigonga kile kioo, tik, tik.

"Tujaribu mara ya mwisho," akasema, na akaenda kusimama tena palepale. Na mimi macho yakaenda kwenye ile picha. Kijana na mwavuli wake, yuko mbele, uso kwa watu, anarudi kinyumenyume.

"Samahani," nikasema. "Umesimama mahali pake."

"Pa nani?"

"Pa mwongozaji. Huyu ndiye anatembea mbele. Wewe na mimi ni watalii. Watalii wanakaa nyuma."

Akaitazama tableti yake. Nikajua anatafuta kama hilo nalo lina sehemu ya kuandikwa. "Nyuma kiasi gani?" akauliza. "Lazima niweze kumshika."

"Mshike kwa mkanda wa suruali. Hatajali, atadhani unaogopa kupotea."

Lakini watu wawili si kundi. Nikachungulia koridoni. Kulikuwa na mama mmoja Mkongomani, msafishaji wetu, anapiga mopu na kuimba pambio chini chini.

"Mama, wacha mopu, twende Roma."

"Ndugu ya Kenya, umeanza tena? Roma ya wapi?"

"Hiyo uliyosimama juu yake."

"Mungu wangu! Kumbe miaka hii yote niko napangusa Roma, na hakuna mutu aliniambia?" Kisha akaona uso wangu, akaacha utani. "Ni leo banamupima papa?" Papa kwao ni baba, ndivyo anavyomwita Mzee.

"Ni leo."

"Basi ngoja, hapa kuko majimaji." Akachukua taulo zangu zote mbili, akapiga magoti, akakausha mpaka mlango wa bafu, akaja akasimama nyuma yetu, mikono ameifuta kwa eproni kama anayeingia kanisani.

Nikainama sikioni kwa Mzee. "Mzee, hapa ni wapi?"

Mkono ukatafuta kifremu. Akasimama, akatetemeka, akasimama tena vizuri zaidi. Akapita mbele yetu sote mpaka mlangoni, akageuza shingo.

"Kundi, mko wote?"

Siku ile tulijibu watu watatu, kila mtu na lafudhi yake. Akatuangalia mmoja mmoja, na nakuambia alirefuka.

Kwenye kabati la mashuka aliachia mkono mmoja ili aonyeshe. Fizio akakaza mkono kwenye mkanda. "Weka nguo hapa," Mzee akamwambia, "lakini mpe yule mtumwa kitu kidogo." Mama akasema, "Mutumwa ni miye, papa, nileteeni." Tukapita maigizo. Tukafika chumba cha moto, mashine za kufulia zinanguruma, na hapo Mzee akasahau miaka yake. Akaacha kifremu, akatugeukia mzima mzima, mikono hewani, akaanza kurudi kinyumenyume. Hatua moja. Ya pili. Fizio alikuwa ameshafungua mdomo.

Nikanyoosha mkono juu, kama darasani. "Mzee! Swali! Hicho kilicho kule mbele ni nini?"

Akanihurumia waziwazi. Akageuka kuangalia, na akageuka na mwili, na mikono ikakuta kifremu pale kilipomsubiri. "Mbele," akasema, "ndiko tunakokwenda."

Tukafika. Akashika chuma cha ukutani, kifua kinapanda na kushuka. "Sasa hapa hakuna maji. Miaka mingi sana hakuna maji. Fungeni macho."

Fizio akafunga macho. Kweli kabisa, na tableti ameikumbatia. Mama naye akafunga, midomo inacheza, nafikiri alikuwa kwa Yesu. Nikafungua bomba la moto.

Mvuke ukapanda ukatuficha sote. Kwa muda sikuona mtu, nikasikia maji tu, na fizio akiuliza polepole, "Dimbwi lilikuwa kubwa namna gani?" na Mzee akimjibu, kubwa, binti, waliingia mia na hawakugusana.

Fizio alipofungua macho aliandika akiwa amesimama. "Anatembea," akaniambia. "Sitaandika mashine. Lakini watu wawili kila mara, mmoja kulia, mmoja ku..." Akafuta. "Wawili nyuma."

Mama akapiga kigelegele kilichosikika mpaka uwanja wa simba. Mzee akatukazia macho. "Sasa? Mnaoga na nguo?"

"Papa, miye niko na bwana!" Mama akatoka mbio, na fizio nyuma yake, anacheka.

Tukabaki wawili. Nikamvua shati, nikamvua suruali, akasimama chini ya maji ameshika chuma, na mimi nikawa nayaangalia magoti yake yakitetemeka, nahesabu pumzi, mkono wangu nyuma ya mgongo wake. Tulipomaliza ndipo nikakumbuka vigae. Sikuviangalia hata mara moja.

"Kundi," akasema, nikiwa namfuta na shuka, maana taulo zilikuwa zimekausha Roma. "Maswali?"