Polisi Aliyekalia Unga

Bibi ninayemtunza hapa Alexandria, jimbo la Virginia, Marekani, ni Mjerumani, na baba yake alikuwa mchekeshaji katika filamu za kale zisizo na sauti. Usidhani alikuwa nyota. Kazi yake ilikuwa kupigwa teke, kuanguka na kuondoka. Filamu zilipoanza kusema, kazi ikamwishia, maana alikuwa na kigugumizi. Akaishia kuuza vifungo vya makoti.

Basi jumba moja la makumbusho mjini Washington likatangaza kwamba litaonyesha filamu yake, Jumapili mchana. Bibi akakosa raha wiki nzima. Alikuwa anaogopa kwamba hakuna atakayecheka.

"Mtu akianguka na watu wasicheke," aliniambia, "ameumia bure."

Rafiki yangu Mkenya, nesi, alitupeleka kwa gari lake. Ukumbi ulijaa wasomi waliotulia kama wako kwenye mtihani. Piano ikaanza. Baba mtu akatokea, polisi mnene mwenye sharubu za kubandika, anamsaka mwizi kwenye duka la mikate. Akarudi kinyumenyume, akakalia beseni la unga ulioumuka, akanasa humo.

Kimya. Bwana mmoja mbele yetu alitikisa kichwa kwa kuridhika, kisha akasafisha miwani. Bibi alinishika mkono. Nilikasirika, nasema kweli. Mzee wa watu ameanguka kwa ustadi wote ule, nyinyi mnasafisha miwani!

Sasa, mimi nimekulia Morogoro, kwenye banda la video la kaka yangu. Kwetu filamu haiachwi ijisemee. Kaka alishika kipaza sauti akawasemea wote, hata Mchina wa kung-fu akawa shemeji yetu wa mtaa wa Kihonda. Ulimi ukaniwasha. Nikajisikia nasema, tena kwa sauti:

"Shemeji, umekalia maandazi ya watu. Mwenye duka akija utamwambia nini?"

Nikamjibia kwa sauti nzito ya kipolisi: "Nayalinda, mama. Wezi wamezidi."

Rafiki yangu akaangua kicheko. "Aki huyu karao, polisi mzima, amejishika mwenyewe," akasema, machozi yanamtoka.

Bibi hajui Kiswahili, lakini kicheko kilimpata. Kikaruka kwa mama wa nyuma yetu, kikaenda safu nzima. Msimamizi akaja mbio kutunyamazisha. Akatupia jicho kwenye pazia la filamu, akamwona polisi anapiga saluti na beseni limeng'ang'ania makalioni, akasahau alichojia. Mwenye miwani naye alikuwa hoi. Nikaendelea kumsemea shemeji mpaka mwisho, nani wa kunizuia?

Kwenye gari aibu ikanirudia. Tulipokuwa tunavuka mto kurudi Virginia, nikamwomba Bibi radhi kwa kumwekea baba yake maneno mdomoni. Alikuwa anafuta macho kwa ncha ya skafu.

"Ulimsikia?" akauliza. "Hakukwama hata neno moja."