Hodi ya Mfereji wa Vinu

Cheka ukitaka, lakini haya yalinikuta mwenyewe, na mama yangu yu hai, muulize.

Mama alikuja kututembelea kutoka Mombasa. Jioni moja ya wiki yake ya mwisho nikamtoa kwetu, mtaa wa Phillips hapa Minneapolis, kwa gari, nikampeleka mtoni akaone mfereji wa zamani. Ni mahali pazuri, niamini. Hapo kale maji ya Mississippi yalichepushwa humo, yakazungusha vinu vya unga, kisha yakatokea chini kwenye matao ya mawe na kurudi mtoni. Vinu vilipokufa, mfereji ukafukiwa. Miaka ikapita, ukafukuliwa, na siku hizi maharusi huenda kupigia picha pale. Mimi huenda hata bila sababu. Mawe yale yana mvuto wake.

Tulikuwa peke yetu, mama anapigana na upepo uliotaka ushungi wake, ndipo sauti ikatoka ndani ya tao lenye giza: "Hodi!"

Hodi, Minneapolis! Nani ameyafundisha maji yale Kiswahili? Kabla sijamzuia, mama na adabu zake za kipwani akaitika: "Karibu, mwanangu, karibu!"

Akatoka mwanamume aliyejaa unga kichwa hadi miguu. Nguo zilimchuruzika maji, na ule unga mkavu! Wewe umeona wapi? Akamwinamia mama, akatupita, akashika njia ya kwenda kwenye gari letu. Tulipofika hakuwepo, ila kiti cha nyuma kilikuwa cheupe.

Tangu hapo, kila asubuhi zulia letu lina nyayo za unga, kutoka mlangoni hadi kiti cha dirishani. Binti yangu alimwona kabla yangu. "Bibi, who is that man?" Mama akamjibu, "Mgeni wangu."

Siku ya safari mama akakataa kupanda ndege.

"Mama, baba anakungoja!"

"Nimemkaribisha mimi. Nitaondokaje na mgeni hajaaga?"

Ni miezi sasa. Baba hupiga simu kuuliza mkewe anarudi lini. Mama humwekea mgeni chai ya tangawizi, na chai hupungua.

Nenda ukauone mfereji, sikukatazi. Lakini ukisikia hodi kwenye matao, uma ulimi wako. Mimi nimesimama mbele ya tao lile mara nyingi, nikapiga hodi nimrudishe mtu wao, na hakuna aliyewahi kuniambia karibu.