Kikohozi cha Mzee Abdulhamid

Wanzala wa Mashimoni alilisha watoto wake kwa kikohozi cha mtu mwingine.

Kikohozi chenyewe kilikuwa cha mwenye nyumba wake, marehemu Mzee Abdulhamid, Mnubi mrefu kama mti wa stima. Mzee huyo hakuingia ploti yake ya vyumba vya kupangisha hata siku moja bila kusimama langoni, akakohoa mara mbili, akatulia kidogo, ndipo apige hatua. Miaka kumi Wanzala alimuiga jukwaani kule Kawangware, na watu walicheka hadi misumari ikachomoka kwenye mabati. Mama mmoja wa Gatina alicheka akiwa mjamzito, akazaa mtoto aliyetoka akicheka. Anayebisha aende Gatina akaulize.

Mvi zilipomtokea, Katunge, mama anayeongoza filamu, akamwita aigize mzee anayerudi nyumbani baada ya kumzika mkewe. Wanzala hakuwahi kupewa kazi isiyo ya kuchekesha, na hii aliitamani kuliko pilau ya Idi. Lakini kwenye mazoezi alimwigiza mzee huyo kwa namna ya Abdulhamid, na akikohoa tu, wote chini kwa kicheko, hadi mshika kamera.

"Mzae, Alhamisi tunashuti pale kwenu ploti," Katunge akamwambia. "Wakicheka tena, kazi nampa yule mwigizaji mwingine, Mutuku."

Wanzala akaenda kwa Saadia, mjane wa Abdulhamid.

"Mama, niazime kofia ya mzee."

"Umchekeshee watu tena?"

"Hapana, mama. Saa hii nataka walie."

Saadia akamkodolea macho. "We Wanzala, miaka yote hiyo unamkohoa mume wangu. Ushawahi kujiuliza alikuwa anaumwa nini?"

"Si kifua?"

"Kifua! Kifua chake kilikuwa kizima kama ngoma. Alikuwa anatupigia hodi, sisi wanawake wa uani. Anakohoa, anangoja tujifunike vichwa, ndiyo aingie. Hata mimi mkewe alinipa nafasi yangu."

Wanzala akaichukua kofia, akaondoka.

Alhamisi ploti ikafurika. Watu walitoka mitaa ya Silanga na Olympic, wameanza kucheka njiani. Wanzala akasimama langoni, kofia kichwani. Akakohoa mara mbili.

Nyuma huko mtu akapasuka kwa kicheko.

Wanzala hakuingia. Aliukazia macho mlango wa nyumba isiyo na mtu wa kujifunika, akangoja, muda ule ule wa mwanamke kutafuta mtandio wake. Ukapita. Akakohoa tena, polepole, kama anayeogopa kuamsha mtu. Akangoja.

Yule wa nyuma kicheko kikamkwama kooni. Hata kuku wakaacha kuchakura.

Katunge alisahau kusema "kata." Na Saadia, pale kibarazani alipokaa, mkono wake ulipanda wenyewe, ukavuta mtandio juu ya kichwa.