Kisima cha Shangazi na Pampasi za Mwanangu

Naanza na uvundo, kwa sababu ndio ulionipokea. Nilishuka kisiwani Chole na mwanangu wa miezi minane mgongoni, nikapita nyuma ya mikoko kwenda kwa shangazi, na pale nikaziona: pampasi zimevimba maji ya chumvi, zimenasa kwenye mizizi, nyingine zimepasuka, na inzi juu. Aliyesema mavi ya kale hayanuki hakupita njia ile.

Wenyewe wanaozitupa wana sababu. Choo cha mtoto hakichomwi. Ukikichoma, mtoto anababuka matako. Basi hutupwa baharini, bahari ipeleke. Na bahari haipeleki, siku za bamvua, maji yakijaa sana, inarudisha. Safari hii ilirudisha mpaka ndani ya kisima cha shangazi, ambamo nusu ya mtaa huchota maji ya udhu.

Mwiko huo nimekua nao, na aibu yangu ni kwamba niliuandikia tasnifu. Chuoni Dar es Salaam nilinogewa na usasaleo: hakuna ukweli mmoja, kila jamii ina simulizi yake, iwe dini, iwe sayansi, iwe mwiko, na hakuna wa kumhukumu mwenziwe. Hata nafsi, niliandika, ni nguo tu, mtu anavaa hii anavua ile. Wakanipa alama za juu. Nikikumbuka najisonya mwenyewe.

Nilimwamkia shangazi, marahaba yake ikatoka kwa shida. Alikuwa ametoka kuopoa pampasi mbili kisimani kwa mti, na maji yale yameshakuwa najisi. Akanieleza kwamba majirani wako tayari kuchoma, ila wanataka kuhakikishiwa watoto hawatadhurika, na wanamngoja msomi wao, yaani mimi. Nikaanza kumwaga maneno yangu ya chuoni, jamii hii na ukweli wake, jamii ile na wake. Alinisikiliza mpaka mwisho, maskini, kwa adabu kabisa.

“Sikukuuliza jamii,” akasema. “Nakuuliza wewe. Tukichoma, mtoto ataungua au haungui?”

“Haungui, shangazi.”

“Basi tuanze na za mwanao, watu waone.”

Kufikia alasiri mfuko wangu wa pampasi chafu za siku tatu za safari ulikuwa uani, umemwagiwa mafuta ya taa. Wanawake watano walisimama na watoto wao mikononi. Nikapewa kiberiti. Najua kwamba moto haumfuati mtoto kupitia kinyesi chake. Najua kama ninavyolijua jina langu. Njiti ya kwanza niliivunja. Ya pili ikawaka, nikaiangalia mpaka ikaniunguza kidole, nikaitupa pembeni. Nikasema upepo mkali, tungoje.

Hapakuwa na upepo. Wanawake wale hawakunicheka, na heri wangenicheka. Mmoja alimkumbatia mwanawe akaondoka, wengine wakamfuata.

Kesho yake nikaubeba mfuko, nikavuka nao hadi Utende, nikapanda bodaboda mpaka Kilindoni, nikautupa kwenye jalala ambalo nilijua huchomwa Ijumaa, na mtu nisiyemjua, nisimwone. Kinyaa cha mikokoni kilikuwa cha pua tu. Hiki nilirudi nacho Chole, na sikujua pa kukitapikia.

Ijumaa, kutwa nzima, nilikuwa chumbani namfunua mwanangu, namkagua matako. Hakutoka hata kipele. Nje shangazi alikuwa anakifukia kisima.