Kiganja cha Mlinzi

Mlinzi wa geti letu pale Nakawa hucheza kadi za wanyama kama anavyokagua mabegi: polepole, bila kukutazama usoni. Kila mchezo hulaza kadi moja kifudifudi na kuifunika kwa kiganja chake kipana. Sote tunazijua kadi zake za kubatilisha. Ukishusha mnyama wako mkubwa, anafunua moja, na mnyama anakufa kabla hajanguruma.

Jumamosi tulikubaliana anayeshindwa atoe kadi yake bora. Yangu ilikuwa joka la dhahabu, nililolipata kwa kutoa redio nzima. Lingemmaliza kwa pigo moja, lakini nililishikilia mkononi mchezo wote.

“Shusha tu, bosi,” alisema, kiganja palepale. “Unaogopa nini?”

“Siogopi, afande. Nasubiri.”

Nilisubiri mpaka panya wake watatu wakanitafuna nikaisha. Nikamkabidhi joka, nikaomba angalau nione alichokuwa amekificha. Akainua kiganja: panya wa nne.

Na mimi ndiye ninayeuza simu kuukuu kwa kuwaambia watu kwamba kuna mteja mwingine anairudia saa kumi. Huyo mteja hajawahi kuwepo.