Meza, Nione

Askari wa kike anayekaa geti la mahabusu kule Kibaha haangalii mdomo wa mtu, anaangalia koo. Kila aliyemletea ndugu yake chakula lazima akionje mbele yake, na yeye husimama mikono nyuma, kijiko amekichomeka mfukoni mwa shati kama kalamu, akingoja koo lishuke. "Meza, nione," husema, kwa sauti ileile kwa bibi aliyetoka kijiji cha Janga na kwa vijana wa mtaa wa Kwa Mathias. Kinamama wa kwenye foleni humwita Afande Meza, ila akishageuka.

Leo Biubwa ametoka Kisarawe na mtoto mgongoni, amebeba mihogo ya nazi ili mumewe aliye ndani afuturu cha nyumbani. Zamu yake ilipofika, akabaki ameshika kijiko.

"Afande, nimefunga."

"Kisichoonjwa hakiingii, mama."

"Nionje kwa ncha ya ulimi, niteme?"

"Ukitema, nitajuaje?"

"Si umpe mtoto aonje!" mmoja akadakia huko nyuma.

Afande akageuka. "Mtoto si wa kuonjeshea sumu."

Biubwa akaanza kufunika bakuli, machozi yakimlengalenga. Afande akalishika lile bakuli, akachomoa kijiko chake, akachota kipande kikubwa, akatafuna taratibu hadi koo lake mwenyewe likashuka mbele ya watu wote.

"Haina chumvi hata chembe," akasema. "Kweli umefunga wewe."

Akalipitisha bakuli ndani, akamgeukia aliyefuata.

"Meza, nione."